Rehani Haifi Pamoja na Kampuni



Askari polisi aliye zamu kwenye lango la kiwanda kilichofungwa huweza kufikiwa na watu watatu asubuhi moja. Wa kwanza ni mfanyakazi anayedai mshahara wake. Wa pili ni mfilisi, aliyepewa kazi ya kukusanya mali ya kampuni na kuwagawia wanaoidai. Wa tatu ni dalali wa benki. Huyu amekuja na lori, na anasema mashine zilizomo ndani ni za benki. Kila mmoja ana karatasi mkononi. Je, afande amfungulie nani?

Wengi hudhani kwamba kampuni ikifilisiwa, mali yake yote humiminwa katika chungu kimoja, kisha kila mdai huchota sehemu yake. Sivyo. Mali iliyowekwa rehani haimo chunguni. Sheria ya Ufilisi ya Uganda ya mwaka 2011 inampa mdai mwenye rehani njia tatu. Aweza kuiuza mali ile na kujilipa. Aweza kuikadiria thamani, kisha akadai upungufu pamoja na wadai wa kawaida. Au aweza kuiachia rehani yake, akadai deni lote kama mtu asiye na dhamana yoyote. Mfanyakazi hutangulizwa mbele ya wadai wa kawaida kwa kiasi kilichowekewa kikomo na sheria. Lakini atalipwa nini, ikiwa kila kilichokuwamo kiwandani kilikwisha kufungwa kwa rehani?

Jambo hili si geni. Mwaka 1892 mshona viatu wa London, Aron Salomon, aliigeuza biashara yake kuwa kampuni, naye akabaki anaidai kampuni hiyo pauni 10,000 kwa dhamana ya mali yake. Kampuni ikaanguka upesi. Mwaka 1896 Baraza la Malodi la Uingereza likaamua kwamba dhamana yake ni halali, na waliomkopesha kampuni hiyo bila rehani wakatoka mikono mitupu. Mahakama zetu zimeirithi hukumu hiyo, ipendeze isipendeze.

Karibu nasi zaidi kuna habari ya Mumias, kiwanda cha sukari cha magharibi mwa Kenya. Mwezi Septemba 2019 benki ya KCB iliyokuwa ikikidai ilimweka meneja mrasimu, yaani mtu wa kuishika mali iliyowekewa dhamana hadi deni lipatikane. Mwishoni mwa 2021 kiwanda kikakodishwa kwa kampuni ya Sarrai, ambayo asili yake ni hapa Uganda. Wadai wengine wakaenda mahakamani, na mwezi Aprili 2022 Mahakama Kuu ya Kenya ikamwondoa meneja yule na kuufuta mkataba wa kukodisha. Vuta nikuvute ikaendelea baada ya hapo. Hivyo hata benki yenye dhamana yaweza kuitwa mahakamani ieleze inaitumiaje mali iliyoishika.

Lakini rehani inayowagusa askari wengi zaidi haiko kiwandani. Iko nyumbani. Tuseme askari aliyetumikia Somalia amerudi likizo Dranya. Ndugu yake ana kampuni ya biashara mjini Arua na anataka mkopo. Askari anatoa hati ya kiwanja chake kuwa dhamana, kwa kuwa damu ni nzito kuliko maji. Miaka miwili baadaye kampuni inafilisiwa. Ndugu anasema, "Kaka, yamekwisha, kampuni imekufa." Kampuni imekufa kweli, ila rehani i hai, na benki itakuja Dranya.

Hata hivyo haiji kama mvamizi. Sheria ya Rehani ya mwaka 2009 inaitaka benki itoe notisi ya maandishi na siku 45 za kazi ili kosa lirekebishwe, na kabla ya kuuza itoe tena notisi ya siku 21 za kazi. Nyumba ya ndoa haiwezi kuwekwa rehani bila idhini ya mume au mke. Askari aliyetia sahihi peke yake, mkewe asijue, ameiweka hati hiyo mashakani. Naye mama mwenye nyumba ana haki ya kwenda mahakamani.

Turudi langoni. Polisi hawaitwi pale kuamua nani anamdai nani. Wanaitwa kulinda amani, na kwa kazi hiyo wana haki ya kuuliza: hati ya rehani iko wapi, na je, iliandikishwa kwa Msajili? Notisi zilitolewa lini? Ipo amri ya mahakama inayozuia? Bei ikizidi deni, ziada ni ya mfilisi kwa ajili ya wadai waliobaki, akiwamo mfanyakazi yule. Na mashine ambayo haimo katika hati, hata ikiwa imesimama ukuta mmoja na zile zilizomo, lori la benki litaiacha ilipo.