Majani Machachu ya Milimani



Mmea huu watoto wanaujua kwa ulimi: wakitafuna jani, mate hujaa kwa uchachu. Kitaalamu unaitwa Rumex usambarensis, kwa jina la milima ya Usambara, lakini umeenea nyanda za juu za Tanzania, Kenya na Uganda. Mtauona kando ya misitu na vichakani. Shina hujiegemeza kwenye vichaka vingine hata likampita mtu kwa urefu. Jani lina umbo la ncha ya mshale, na matunda yakikomaa kichaka huonekana chekundu kutoka mbali.

Uchachu ule ni asidi ya oksaliki, iliyomo pia katika mimea mingine ya jamii hii. Mnyama aliyeshiba akidokoa kidogo, hana neno. Hatari ni kondoo na mbuzi wenye njaa, tuseme wametoka safari ndefu, wakifikia kichaka kinene na kula kwa pupa. Asidi hiyo hupunguza kalsiamu katika damu: mnyama hutetemeka, huyumba, huanguka. Basi walisheni nyasi kwanza, na maji yasikosekane. Mkiona dalili hizo, ondoeni kundi lote hapo na mwiteni daktari wa mifugo saa hiyo hiyo, msingoje asubuhi.