Mkataba wa Wamakah na uhai wa nyangumi
Tuelekee Neah Bay, kaskazini magharibi mwa Marekani, kwa Wamakah, watu wa asili wa huko. Mwaka 1855 waliachia serikali ardhi kubwa kwa mkataba uliowabakishia haki ya kuwinda nyangumi. Miaka ya 1920, meli za kibiashara zilipokaribia kuwamaliza nyangumi, Wamakah waliacha uwindaji kwa hiari yao. Mei 1999 wakarudi baharini na mtumbwi wa mwerezi, chusa, kisha bunduki ya kumaliza mateso ya mnyama. Waandamanaji waliopinga uwindaji huo walikuwa wamewaandama kwa boti.

Kwa nini jambo hili lituguse? Kwa sababu penye wanyama wanaolindwa, aghalabu pana watu waliowatangulia walinzi.

Kwa upande mmoja, watetezi wanasema nyangumi ana akili na huhisi maumivu. Mila haihalalishi kumuua. Hoja hiyo ina uzito. Kwa upande wa pili, Wamakah wanasema wanabebeshwa dhambi za meli za wengine, ilhali nyangumi wa kijivu wa pwani hiyo aliondolewa kwenye orodha ya walio hatarini mwaka 1994.

Mwaka 2024 serikali ilifungua njia: nyangumi wasiozidi 25 kwa miaka 10. Swali ni hili: mkataba na uhai vikigongana, nani aamue?