Amri ya Korti Inapofika Stendi



Barabara ya Narok kwenda Kisii inakatiza mji wa Bomet, na tatizo langu la kisheria linaanzia hapo. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limeikabidhi kaunti uchukuzi wa umma na maegesho. Barabara kuu yenyewe, pamoja na hifadhi yake, iko mikononi mwa KeNHA, mamlaka ya taifa. Matatu ikiwa ndani ya stendi ina msimamizi mmoja. Ikisogea kando ya lami kungojea abiria wa Kaplong, imeingia kwa mwingine.

Tuseme sako fulani ya matatu imepinga kuhamishwa na kaunti, na jaji ameamuru hali ibaki kama ilivyo hadi kesi isikizwe. Hali ipi? Ile ya kabla ya notisi ya kaunti, au ile ya siku amri iliposomwa, magari yakiwa yamekwisha kufukuzwa? Pande zote mbili hutoka kortini zikishangilia. Haupiti muda, kila mmoja anamshtaki mwenzake kwa kudharau mahakama.

Shtaka hilo si jepesi. Tangu kesi ya Baharini Farm ya 1985, ushahidi wake unatakiwa uzidi ule wa kesi ya kawaida ya madai, ingawa haulazimiki kufikia ule wa jinai. Mwaka 2020 Jaji John Mativo alitaja mambo manne ya kuthibitishwa: amri iwe wazi, mshtakiwa awe aliijua, awe aliivunja, na awe alikusudia. Kuhusu kuijua, Mahakama ya Rufani ilikwisha kuziba mwanya katika kesi ya Shimmers Plaza mwaka 2015: afisa aliyejua amri ipo hawezi kujificha nyuma ya karatasi ambayo hakukabidhiwa mkononi. Kwa maegesho, basi, kesi nyingi zitaangukia kwenye lile la kwanza, uwazi.

Bunge lilitunga sheria maalumu ya kudharau mahakama mwaka 2016, ikitaka taasisi ya serikali ipewe notisi ya siku 30 kabla ya kushtakiwa. Siku 30! Stendi inabomolewa kwa usiku mmoja. Jaji Chacha Mwita aliifuta sheria hiyo Novemba 2018, wala siililii. Tulirudi kwenye kifungu cha 5 cha Sheria ya Mahakama, kinachotupeleka kwenye utaratibu wa Uingereza. Yaani mgogoro wa matatu za Bomet bado unaazima kanuni London. Mzozo ukiwa wa ardhi ya stendi, Mahakama ya Mazingira na Ardhi ina meno yake: faini isiyozidi shilingi milioni 20, au kifungo kisichozidi miaka miwili, au vyote viwili.

Meno ya korti huuma kwa nadra. Septemba 2024 Gilbert Masengeli, kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, alihukumiwa miezi sita kwa kukaidi wito wa korti; alipofika na kuomba radhi, adhabu ikaondolewa. Askari wa kaunti aliyetumwa kufukuza matatu huziona habari hizo kama sisi.

Hata hivyo, kaunti huweza kuwa na sababu ya haki. Tarehe 30 Juni 2023, hapa jirani Londiani, lori liliacha njia likavamia matatu, bodaboda na wachuuzi kando ya barabara, na zaidi ya watu 50 wakafa. Anayetaka magari yaondoke ukingoni si lazima awe mkaidi. Ila akiona amri inahatarisha watu, arudi kwa jaji siku hiyo hiyo aombe ibadilishwe, kabla hajatuma askari.

Kwa mawakili vijana mlio hapa: mkiandika ombi la amri ya namna hii, tajeni cheo cha afisa anayetakiwa kutenda, onyesheni mpaka kwa ramani iliyoambatishwa, na muunganishe KeNHA kwenye kesi tangu siku ya kwanza. Vinginevyo mtapata amri inayoifunga kaunti, huku matatu zikifukuzwa kwenye hifadhi ya barabara na mtu ambaye hamkumshtaki.