Kura ya Maoni: Ni Nani Mwenye Kuuliza?

Ndugu wananchi, akina baba na akina mama wa makanisa yetu, na ninyi vijana mnaobeba mzigo wa mageuzi mitaani na vijijini: mmetuomba tuzungumze juu ya kura ya maoni na mahali pake katika sheria ya katiba na sheria ya mataifa. Ombi hilo limekuja kwa wakati wake, kwa maana neno hili limezoeleka vinywani mwa wanasiasa hata likapungua uzito. Wakubwa wakipatana, husema, "Twendeni kwa wananchi." Wakikosana, husema vivyo hivyo. Sisi hatupingi kwenda kwa wananchi. Tunataka kujua tu ni nani anayetupeleka huko, na swali tutakaloulizwa limeandikwa na mkono gani.

Tuanzie nyumbani. Mwezi wa Juni 1982 Bunge liliingiza katika katiba kifungu cha 2A, na Kenya ikawa nchi ya chama kimoja kwa sheria. Mwananchi hakuulizwa. Mwezi wa Desemba 1991 Bunge la chama kimoja likakifuta kifungu hicho, na vyama vingi vikarudi. Watu walishangilia, na walikuwa na haki ya kushangilia. Lakini hata safari hiyo mwananchi hakuulizwa. Kwa mujibu wa kifungu cha 47 cha katiba ile, asilimia 65 ya wabunge wote ilitosha kubadilisha jambo lolote. Uhuru wetu ulichukuliwa na Bunge, ukarudishwa na Bunge, nasi tukiwa nje ya mlango.

Wenzetu wa Malawi walipitia njia nyingine. Mwezi wa Machi 1992 maaskofu Wakatoliki wa nchi hiyo walitoa barua ya kichungaji iliyosomwa makanisani, wakataja dhuluma za utawala wa Kamuzu Banda bila kuzungukazunguka. Mwaka uliofuata, tarehe 14 Juni 1993, Wamalawi waliulizwa waziwazi: chama kimoja au vyama vingi? Jogoo ilikuwa alama ya chama kimoja, taa alama ya vyama vingi. Taa ilishinda kwa karibu theluthi mbili ya kura. Aliyeuliza hakulipenda jibu, ila alilipokea.

Uganda nako watu waliulizwa swali linalofanana na hilo, mwezi wa Juni 2000, lakini katika hali nyingine kabisa. Vyama vilikuwa vimefungwa mikono, na wapinzani wengi wakasusia; mfumo wa Movement ukapata takriban asilimia 90 ya kura. Miaka mitano baadaye serikali ile ile iliuliza tena, safari hii ikitaka vyama virudi, na jibu likawa ndiyo. Katika hali kama hiyo, hesabu ya kura hutuambia zaidi matakwa ya mwenye kuuliza kuliko ya mwenye kujibu. Tena haki ya mtu kujiunga na chama imelindwa na Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa. Kwa maoni yetu, haki ya namna hiyo haipaswi hata kuwekwa mezani ipigiwe kura, kama vile haki ya kusali isivyopaswa.

Sasa tufike mwaka 2004, kwani hapo ndipo sheria ya Kenya ilipogeuka. Mkutano wa Bomas ulipitisha rasimu yake tarehe 15 Machi. Siku kumi baadaye Mahakama Kuu ikatoa uamuzi katika kesi iliyoletwa na Mchungaji Timothy Njoya na wenzake. Majaji, kwa wingi wao, walisema kwamba kurekebisha katiba ni jambo moja, na kuiondoa ili kuweka nyingine mahali pake ni jambo jingine. La kwanza Bunge laweza kulifanya. La pili haliwezi, kwa sababu Bunge lenyewe limezaliwa na katiba. Uwezo wa kuunda katiba ni wa wananchi, na sharti wauthibitishe kwa kura ya maoni. Ijapokuwa katiba ya wakati huo haikuitaja kura hiyo popote, mahakama iliiona imo ndani ya mamlaka ya wananchi wenyewe.

Wanamageuzi wengi waliudhika, maana uamuzi huo uliichelewesha rasimu ya Bomas, na wakubwa wakapata nafasi ya kuikatakata. Hasira yao ilikuwa na sababu. Lakini mlango uliofunguliwa siku ile haukufungwa tena. Rasimu iliyopita mikononi mwa Bunge na Mwanasheria Mkuu ililetwa kwa wananchi tarehe 21 Novemba 2005, ndizi ikiwa alama ya ndiyo, na chungwa alama ya la. Asilimia 58 hivi ya wapiga kura waliikataa. Serikali iliyokuwa na fedha, magari na redio ilishindwa, na siku mbili baadaye Rais alilivunja baraza lake zima la mawaziri.

Baada ya damu ya mwaka 2007 na 2008, kifungu cha 47A kiliingizwa katika katiba ya zamani, kikitamka waziwazi kwamba katiba mpya haiwezi kupatikana ila kwa kura ya wananchi. Kura hiyo ilipigwa tarehe 4 Agosti 2010. Zaidi ya watu milioni 6 waliikubali katiba, na karibu milioni 2.8 wakaikataa. Hapa tuseme na makanisa kwa heshima. Baraza la Kitaifa la Makanisa na maaskofu Wakatoliki waliwahimiza waumini kuikataa, kwa ajili ya kifungu kinachohusu uavyaji mimba na kwa ajili ya Mahakama za Kadhi. Walishindwa. Katiba ilizinduliwa tarehe 27 Agosti, na inawalinda waliosema la sawasawa na waliosema ndiyo. Asiyekubali kushindwa si mshindani, na makanisa hayakuvunja nchi kwa sababu ya kushindwa kwao. Jambo hilo halijasifiwa vya kutosha.

Hayo yote ni ya ndani ya dola moja. Sheria ya mataifa haiilazimishi dola yoyote kuandika katiba yake kwa kura ya maoni. Kura hiyo inaihusu zaidi pale watu wanapoamua kama watakuwa dola yao wenyewe, na huko ugomvi mkubwa huwa juu ya nani mwenye haki ya kuulizwa. Mnamo 1975 Mahakama ya Kimataifa ya Haki ilisema kuwa watu wa Sahara Magharibi wanastahili kujiamulia kwa hiari yao. Mnamo 1991 Umoja wa Mataifa ulipeleka ujumbe wa kusimamia kura. Mabishano yakazuka juu ya nani aandikwe katika daftari la wapiga kura, na hadi leo kura haijapigwa.

Jirani yetu Sudan Kusini alifika. Ahadi ya kura iliwekwa katika itifaki ya Machakos mwezi wa Julai 2002, na mkataba kamili wa amani ukatiwa sahihi hapa Nairobi tarehe 9 Januari 2005. Kura ikapigwa mwezi wa Januari 2011, asilimia 98.83 walichagua kujitenga. Watu wa Abyei walikuwa wameahidiwa kura yao siku zile zile, lakini pande mbili hazikukubaliana ni nani mkazi wa Abyei, na masanduku hayakuletwa. Na kura safi haikuizuia Juba kuingia vitani mwezi wa Desemba 2013. Crimea nayo ilipigishwa kura mwezi wa Machi 2014 chini ya bunduki za askari wa Urusi, na Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa likatamka kuwa kura hiyo haina nguvu.

Turudi kwetu, kwenye katiba mliyo nayo nyumbani. Kifungu cha 255 kinataja mambo kumi yasiyoweza kubadilishwa bila kura ya maoni, miongoni mwao Sheria ya Haki, muhula wa Rais na misingi ya ugatuzi. Haitoshi wingi wa kura. Sharti angalau asilimia 20 ya wapiga kura waliosajiliwa wajitokeze katika angalau nusu ya kaunti zetu 47. Kifungu cha 257 kinamruhusu mwananchi kuanzisha mabadiliko akiwa na sahihi milioni moja.

Mlango huo wa mwananchi ndio wakubwa waliojaribu kuupitia kwa Mpango wa Maridhiano, BBI. Mahakama Kuu iliusimamisha mwezi wa Mei 2021, Mahakama ya Rufani mwezi wa Agosti, na tarehe 31 Machi 2022 Mahakama ya Juu, kwa wingi wa majaji, ikaamua kwamba Rais hawezi kuanzisha mabadiliko kwa njia iliyowekwa kwa ajili ya wananchi, na kwamba ndivyo ilivyokuwa imetendeka. Maeneo bunge mapya 70 yalikuwa yamechomekwa bila wananchi kushirikishwa, nayo yakaangushwa. Lakini swali moja liliachwa bila jibu: je, mabadiliko mengi yasiyohusiana yaweza kufungwa pamoja katika ndiyo moja au la moja? Mahakama ya Juu ilisema wakati wa kuliamua haujafika.

Utafika. Kwa hiyo tunaviomba vikundi vya haki na amani katika kila parokia na kila usharika visome vifungu 255, 256 na 257 kabla karatasi za sahihi hazijaletwa tena kwenye lango la kanisa, na anayezileta aulizwe rasimu imeandikwa na nani, ina mambo mangapi, na kama nakala yake nzima ipo hapo ya kusomwa.