Kosa la Kwanza Mbele ya Mahakama

Leo tutazungumza juu ya mtu anayetiwa hatiani kwa mara ya kwanza.

Tuseme kijana amechukua ndoo ya korosho za jirani yake. Amekamatwa, amekiri, na hakimu amemtia hatiani. Je, mambo yamekwisha? La. Kabla ya kutoa adhabu, mahakama huuliza kama ana makosa ya zamani. Kisha yeye mwenyewe huulizwa kama ana neno la kusema juu ya adhabu. Wengi hunyamaza hapo kwa hofu. Hapo ndipo pa kusema kweli: hili ni kosa langu la kwanza, nimekiri, korosho nimerudisha, nina mama mzee ninayemlisha.

Hakimu akiridhika, anazo njia tatu nje ya gereza.

Kwanza, kifungu cha 38 cha Kanuni ya Adhabu. Aweza kumwachilia kwa sharti kwamba asitende kosa jingine kwa muda usiozidi miezi 12. Watu hukiita kifungo cha nje. Akivunja sharti, aweza kuadhibiwa kwa kosa lile la kwanza pia.

Pili, kumweka chini ya ofisa wa uangalizi, ambaye hufuatilia mwenendo wake na kumshauri.

Tatu, Sheria ya Huduma kwa Jamii ya mwaka 2002. Mtu anayestahili kifungo kisichozidi miaka 3 aweza kupewa kazi ya manufaa ya wote, bila malipo, kama kufyeka majani ya zahanati. Jioni hurudi kwake.

Kwa nini sheria imefanya hivi? Gerezani mgeni hukaa na wezi wazoefu akajifunza kwao. Nyumbani shamba huwa pori, na wanaoumia ni watoto wasio na kosa.

Lakini angalieni: huruma hii si deni la kudai. Hakimu ndiye apimaye. Tena kwa makosa mengine sheria imemfunga mikono. Unyang'anyi wa kutumia silaha ni kifungo kisichopungua miaka 30, hata likiwa kosa la kwanza.

Maswali ya kujadili darasani:
1. Mtu aulizwapo juu ya adhabu, aseme nini?
2. Kifungo cha nje ni nini?
3. Kijana wa korosho akipewa kazi ya jamii, jirani yake aliyeibiwa atanufaika na nini?