Watalii Wanaongezeka, Pesa Inalala Wapi?

Maneno haya niliyasema kwenye kikao cha vijana, nayaweka hapa kwa ambao hawakuwepo. Kama kawaida, sitaji mtu wala chama.

Kila kampeni ahadi ni ileile: "Tutaongeza watalii!" Makofi. Hebu tujiulize: mgeni akishalipia chumba, chakula, vinywaji na safari huko kwao kabla hajapanda ndege, muuza madafu wa Diani anabaki na nini?

Njia nyingine ipo, na inafanya kazi. Kule Gazi, Kwale, akina mama wana njia yao ya mbao katikati ya mikoko. Mgeni analipa kiingilio, anatembezwa, na pesa inabaki kijijini. Hapohapo, wakazi wa Gazi na Makongeni wanalinda hekta 117 za mikoko kupitia mradi wa Mikoko Pamoja, unaouza krediti za kaboni. Mapato yake yamesaidia maji na shule. Yaani mkoko uliosimama una faida hata siku ambayo hakuna mgeni.

Twende Narok. Kandokando ya mbuga ya Maasai Mara, wenye ardhi wameunganisha malisho yao kuwa hifadhi na kuzikodisha kambi za kitalii. Kodi inahesabiwa kwa ekari, si kwa idadi ya wageni, na vitanda vina kikomo. Lakini tusidanganyane: anayelipwa ni mwenye hati. Mama ambaye jina lake halimo kwenye hati anabaki kutazama magari yakipita. Kwa hivyo neno "jamii" kwenye bango halitoshi.

Sasa sheria. Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 inasema mkataba na mwekezaji kwenye ardhi ya jamii hausimami mpaka thuluthi mbili ya watu wazima wa jamii hiyo waukubali kwenye mkutano. Wazee watatu kuitwa hotelini kutia sahihi hakutoshi, hata kama wameandamana na MCA.

Basi mheshimiwa akija kuomba kura, muulize maswali matatu. Ardhi ni ya nani? Mkataba ulisomwa mbele ya nani? Na msimu wa wageni ukiisha, nani bado analipwa?

Akikujibu kwa idadi ya watalii, jua bado hajajibu. Muulize tena.