Wengi Wape, Wachache Wasinyimwe

(Hotuba iliyosomwa katika mkutano wa mwaka wa wanafunzi wa zamani)



Mwenyekiti amenitaka nieleze kwa ufupi jinsi watu wa Canberra, mji mkuu wa Australia ninakoishi, wanavyochagua wajumbe wao. Nimekubali kwa furaha, kwa kuwa kabla ya chakula cha mchana sisi wenyewe tutachagua kamati mpya ya chama chetu, na juu ya jambo hilo nina neno la kusema mwishoni.

Canberra na ardhi inayoizunguka ni eneo linalojitawala kwa mambo yake ya ndani. Lina baraza lake la kutunga sheria, lenye wajumbe 25 tu. Huko hakuna halmashauri ya mji kando ya baraza hilo. Kwa hiyo mjumbe anayejadili sheria ya jinai asubuhi ndiye anayeulizwa jioni habari za taka, mabasi na taa za barabarani.

Wajumbe hao hutoka katika majimbo matano, kila jimbo wajumbe watano. Nitazungumzia moja, liitwalo Ginninderra. Hilo ni jimbo la viunga vya mji, na sehemu yake kubwa ni Belconnen, upande wa kaskazini-magharibi. Ni mahali pa nyumba za familia, shule, maduka na ziwa lililotengenezwa kwa kujenga boma la maji. Watu wake hawafanani kwa mawazo, na hilo ndilo jambo la kuangalia. Je, watu wasiofanana kwa mawazo wawakilishwe na nani?

Sisi tumezoea jibu moja: aliyepata kura nyingi achukue kiti. Wahenga walisema wengi wape, nao hawakukosea. Lakini hawakusema wachache wanyimwe. Penye kiti kimoja, mshindi akipata kura 51 katika kila 100, wale 49 waliobaki hawana mtu. Penye viti vitano pana nafasi ya kugawana.

Utaratibu wenyewe huitwa Hare-Clark, kwa majina ya watu wawili: Thomas Hare, mwanasheria wa Uingereza, na Andrew Inglis Clark, aliyekuwa Mwanasheria Mkuu wa Tasmania. Tasmania iliujaribu mwaka 1897 katika miji ya Hobart na Launceston. Watu wa Canberra waliuchagua kwa kura ya maoni mwaka 1992, wakaanza kuutumia mwaka 1995.

Mpiga kura wa Ginninderra hupewa karatasi yenye majina ya wagombea, kila chama na safu yake. Haweki alama ya vema. Huandika 1 kwa mtu anayempenda kuliko wote, 2 kwa anayefuata, kisha 3, 4, 5, na zaidi akipenda. Anaweza kuchanganya vyama apendavyo. Tena, majina ya wagombea wa chama hayapangwi namna moja katika karatasi zote. Huyu akitangulia katika karatasi yangu, yule atatangulia katika ya jirani yangu, ili asiwepo anayeshinda kwa kuwa jina lake liko juu. Na ni marufuku kugawa karatasi za kampeni ndani ya mita 100 kutoka kituo cha kura.

Sasa hesabu. Vijana, chukueni kalamu. Kura halali hugawanywa kwa sita, yaani viti vitano na moja, kisha huongezwa kura moja. Tuseme kura ni 60,000. Gawanya kwa sita upate 10,000, ongeza moja: 10,001. Hicho ndicho kiwango cha kupata kiti. Watu watano wanaweza kukifikia. Wa sita hawezi, kwa maana kura hazitatosha. Anayepita kiwango, ziada yake huendelea kwa wale walioandikwa wa pili. Asipopatikana mwenye kiwango, wa mwisho huondolewa, na kura zake huenda kwa waliofuata katika karatasi hizo. Kura haitupwi mpaka imetafutiwa mtu.

Tazameni matunda yake. Mwaka 2016 Ginninderra ilitoa wajumbe watatu wa chama cha Labor na wawili wa Liberal. Mwaka 2020 ikatoa wawili wa Labor, wawili wa Liberal na mmoja wa chama cha Greens. Mwaka 2024 mgawanyo ukawa huo huo. Hakuna chama kilichofagia vyote. Na mwaka huo wa 2020 Mwanasheria Mkuu wa serikali, Gordon Ramsay, alipoteza kiti chake hapo Ginninderra, ingawa Labor ilirudi madarakani. Wapiga kura waliwarudisha wenzake wawili wa chama hicho hicho, yeye wakamwacha. Kwa hiyo mjumbe hawezi kujificha nyuma ya bendera ya chama.

Sitawaambia kwamba utaratibu huu hauna kasoro. Wagombea wa chama kimoja hushindana wao kwa wao, na urafiki huingia doa. Serikali nayo hulazimika kuzungumza na wengine: tangu baraza lianze mwaka 1989, ni kati ya 2004 na 2008 tu chama kimoja kilikuwa na wingi peke yake. Pia viti vikizidi mno katika jimbo moja, vurugu huingia. Mwaka 1989 eneo zima lilikuwa jimbo moja la viti 17, kwa utaratibu mwingine wa kuhesabu. Wagombea walikuwa 117, na hesabu ilichukua kama miezi miwili.

Wala si kila jimbo la wajumbe wengi lina haki. Wazee wetu wa Tanganyika walilijua. Katika uchaguzi wa 1958 na 1959 kila jimbo lilitoa wajumbe watatu, Mwafrika, Mwasia na Mzungu, na mpiga kura alilazimishwa kuchagua mmoja wa kila kundi, la sivyo kura yake iliharibika. TANU ilikata shauri Tabora, Januari 1958, kuingia katika uchaguzi huo hata hivyo, ikashinda. Lakini ile ilikuwa sheria ya kumpangia mtu amchague nani kwa rangi yake. Ginninderra mpiga kura hujipangia mwenyewe.

Sasa nirudi kwetu. Kamati yetu ina watu watano, na kila mwanachama huandika majina matano. Tuseme tuko 100 hapa, 55 wa miaka ya zamani na 45 waliomaliza karibuni. Wale 55 wakikubaliana, watachukua viti vyote vitano, na hao 45 wataambulia kulipa ada. Kisha tunalalamika kwamba vijana hawahudhurii mikutano! Tukihesabu kwa njia niliyoeleza, kiwango ni kura 17. Kundi la 55 litapata viti vitatu, na la 45 viti viwili. Wengi wamepewa wingi wao, na wachache hawakunyimwa.

Mimi ni mmoja wa hao wa zamani, na pendekezo hili litatupunguzia viti. Naliunga mkono hata hivyo, kwa maana chama kisichosikia sauti ya waliotoka darasani jana hakitakuwa na wa kukirithi kesho. Naomba, Ndugu Mwenyekiti, shauri hili lijadiliwe kabla karatasi za kura hazijagawanywa, na wanafunzi wetu wa hisabati wasaidie kuhesabu.